Levo ya juu umefika, sasa vumbi lako liende wapi?

Swali la msomaji: "Kaka, habari za kazi. Nacheza Pokémon GO tangu 2017, niko Morogoro. Nilipofika levo 50 nilidhani nimemaliza gemu, kumbe wakapandisha hadi 80. Nina vumbi la nyota laki nne. Mewtwo wangu ni 15/15/15, yuko levo 40, na kwa miaka miwili nimemkusanyia pipi XL 300 ili nimfikishe 50. Tatizo tuko watatu tu, mimi, mdogo wangu na jirani mmoja, na vituo (PokéStop) vya hapa ni vya kuhesabu. Nimpandishe Mewtwo au nifanye kitu kingine? Na mdogo wangu, ambaye yuko levo 28, aanzie wapi?"

Jibu:

Dada yangu, Mewtwo muache hapo alipo kwa sasa. Pipi XL, zile za kumvusha Pokémon levo 40, haziozi. Vumbi, ambalo unalilipa kila unapompandisha Pokémon, ndilo utakalolijutia, kwa sababu mchezaji wa ngazi yako haishiwi Pokémon wala mipira, anaishiwa vumbi. Na gemu haikwambii mahali popote kwamba kadiri unavyopanda, vumbi lilelile linanunua nguvu kidogo zaidi.

Hesabu yenyewe ni hii. Pokémon aliyetoka kwenye reidi, yaani pambano la kundi dhidi ya bosi mmoja, anakuja akiwa levo 20, au 25 kama hali ya hewa inalingana na aina yake na kumbeba. Kumtoa 20 hadi 30 kunakula vumbi 75,000, na nguvu zake zote, yaani kushambulia, kujilinda na uhai, zinaongezeka kwa takriban asilimia 22. Kumtoa 30 hadi 40 ni 150,000, na anaongezeka asilimia 8. Kumtoa 40 hadi 50 ni 250,000 pamoja na pipi XL 296, na anaongezeka asilimia 6 na kidogo. Unalipa zaidi ya mara tatu ya bei ya mwanzo ili upate chini ya theluthi ya faida ya mwanzo. Ukikamata Pokémon 50 kwa siku, wengi wakiwa wa hatua ya kwanza wanaotoa vumbi 100 kila mmoja, utapata 5,000. Kwa hiyo hiyo asilimia 6 ya Mewtwo ni siku 50 za kukamata bila kupumzika.

Mimi nilifanya hivyo hivyo na Mewtwo wangu. Nilipomaliza nikawa na Pokémon mmoja mzuri sana na mfuko mtupu, na kwa miezi iliyofuata kila reidi niliyoingia nilikuwa na huyo mmoja mbele na watano dhaifu nyuma yake. Ndiyo maana nakuandikia kwa urefu.

Tena hiyo 15/15/15, yaani nyongeza ya kuzaliwa ya kushambulia, kujilinda na uhai, kila moja kati ya 0 na 15, usiiogope wala usiiabudu. Mewtwo ana nguvu ya msingi ya kushambulia 300. Mwenye 15 anafika 315, mwenye 10 anafika 310. Tofauti ni asilimia 1.6. Kwenye reidi hutaiona kwa macho. Mtu anayekataa kumtumia Pokémon mzuri kwa sababu ana 12 badala ya 15 anajinyima silaha aliyo nayo mkononi. Uzuri wa 15/15/15 ni uchache wake: porini ni mmoja kati ya 4,096, kwenye reidi ni mmoja kati ya 216 kwa kuwa kule namba hazishuki chini ya 10. Ni kitu cha kufurahia, na hongera kwa kumpata.

Sasa njia. Levo haitakuwa njia yako. Kwa miaka minne ya kwanza mwisho ulikuwa 40, Novemba 2020 ukasogezwa hadi 50, Oktoba 2025 hadi 80. Ukikimbilia levo utakuwa unafukuza kivuli, na XP, yaani alama zinazopandisha levo, inakuja yenyewe ukifanya mengine. Kitu kimoja tu ukifanye kwa makusudi: urafiki. Rafiki akifika ngazi ya nne, baada ya siku 90 za kutumiana zawadi au kucheza pamoja, mnapata XP 100,000 kila mmoja, na ukiwa umewasha Lucky Egg zinakuwa 200,000. Panga na rafiki siku ya mwisho ili nyote muiwashe kabla ya zawadi kufunguliwa. Tafuta marafiki wa mbali pia, wa Dar, Nairobi, Muscat, popote, maana haohao ndio watakaokualika kwenye reidi kwa tiketi ya mbali.

Kwa mtu wa mji wenye vituo vichache, njia ninayokushauri kwa moyo wote ni GO Battle League, yaani mapambano ya mchezaji kwa mchezaji mtandaoni, na ndani yake Great League. Sababu ya kwanza ni kwamba haikuulizi unaishi wapi. Ukiwa sebuleni Kihonda au ukiwa katikati ya Tokyo, unapewa mapambano yaleyale: seti tano kwa siku, kila seti mapambano matano, jumla 25. Mwanzoni ilibidi utembee ndipo upate seti, sharti hilo liliondolewa. Sababu ya pili ni bei. Great League ina kikomo cha CP (namba ya jumla ya nguvu za Pokémon) 1,500, hivyo Pokémon wengi wanaofaa hawahitaji kufika hata levo 30. Sababu ya tatu ni kwamba hapo ndipo akili yako inahesabiwa kuliko mkoba. Bingwa wa dunia wa 2025, mashindano yalipofanyika Anaheim, Marekani, alitoka India, na kabla yake ubingwa umegombewa London 2022, Yokohama 2023 na Honolulu 2024. Mapambano hayo yote ni ya Great League. Wanaoshinda hawana Mewtwo wa levo 50 kwenye kikosi, hata wangetaka asingeingia.

Hapa kuna jambo linalowachanganya wengi. Namba ya CP inatokana na nguvu ya kushambulia ikizidishwa kwa kipeuo cha pili cha kujilinda na kipeuo cha pili cha uhai. Nikisema kipeuo cha pili hapa namaanisha ile alama ya mzizi wa shuleni, mzizi wa mbili. Kushambulia kunaingia kamili, hayo mengine mawili yanaingia yamepunguzwa na mzizi. Maana yake ni kwamba kushambulia kunakula nafasi kubwa kwenye ile 1,500. Pokémon mwenye 0 ya kushambulia, 15 ya kujilinda na 15 ya uhai atapanda levo nyingi zaidi kabla ya kugonga kikomo, na jumla ya nguvu zake itakuwa kubwa kuliko ya 15/15/15. Kwa hiyo wale uliokuwa unawafuta kwa sababu wana 0 au 1 ya kushambulia, acha kuwafuta. Fungua begi lako leo, tafuta kwa alama "0attack", uone umekalia nini.

Kila Pokémon huanza na shambulizi kubwa moja; bei ya kumfungulia la pili nayo iangalie kabla ya kuchagua kikosi, maana bila hilo la pili mpinzani anakusoma mara moja. Kwa Pokémon wa hadithi kama Mewtwo ni vumbi 100,000 na pipi 100. Kwa wengine ni 75,000 au 50,000. Kwa wale wa kuanzia gemu, ukoo wa Totodile, Mudkip, Bulbasaur na wenzao, ni 10,000 na pipi 25 tu. Ndiyo maana namwambia kila anayeanza: jenga kwanza Feraligatr au Swampert. Siku za Community Day, ambapo Pokémon mmoja hutokea kila mahali, zimewamwaga mitaani kwa wingi, pipi unazo, shambulizi la pili ni la bei ya karanga, na mara nyingi wana nafasi kwenye ligi. Sisemi kwamba watatawala milele. Kila msimu, takriban miezi mitatu, nguvu za mashambulizi hurekebishwa, na aliyekuwa mfalme huweza kushuka. Kikosi cha bei nafuu kikishuka hakikuumizi.

Kikosi ni watatu: anayeanza, wa kubadilishia, na wa kufungia. Anayeanza awe mwenye nguvu dhidi ya wengi. Wa kubadilishia awe mgumu kuuawa, asiye na adui mmoja wa kumfagia, kwa kuwa utamleta pale mwanzo ukikuendea vibaya, na ukishabadilisha hutaruhusiwa kubadilisha tena kwa muda. Wa kufungia ndiye mnyama wako wa hatari ambaye ngao zikiisha hazuiliki. Kila upande una ngao mbili tu.

Baada ya hapo ni kuhesabu, na hapa ndipo mtu anatoka kwenye kubahatisha anaingia kwenye kucheza. Kila zamu ni nusu sekunde. Kila shambulizi dogo linaleta nishati, kila kubwa linagharimu nishati. Kama dogo la mpinzani linaleta 8 na kubwa lake linataka 40, atakuwa tayari baada ya madogo matano. Ukihesabu madogo yake unajua lini ngao inahitajika na lini anakutishia kwa la bei rahisi ili upoteze ngao. Anza na Pokémon mmoja unayekutana naye mara nyingi, jifunze hesabu yake, wiki ijayo ongeza wa pili. Usijaribu kuwabeba wote kwa mpigo.

Kuna jingine ambalo hata wachezaji wa muda mrefu hawalijui, nalo ni saa ya kurusha. Tuseme dogo lako ni la zamu moja na la mpinzani ni la zamu nne. Ukirusha shambulizi kubwa yeye akiwa ndiyo kwanza ameanza lake, lile lake linakamilika papo hapo, umempa zamu za bure. Subiri hadi afike zamu ya mwisho, kisha rusha. Mapambano mangapi nimeyaona yakipotea kwa hilo moja! Na kwa kuwa nusu sekunde ndiyo kipimo, mtandao ukisuasua unapoteza hata ukiwa sahihi. Mimi hucheza alfajiri kabla watu hawajaamka, na seti za jioni huwa ninaziacha zipite kuliko kucheza kwa mtandao mbovu.

Safari ina vituo. Unapanda ngazi 1 hadi 20, halafu unapewa alama: 2,000 ni Ace, 2,500 ni Veteran, 2,750 ni Expert, 3,000 ni Legend. Kwa msimu wako wa kwanza lenga Ace tu. Hata ukishindwa nusu ya mapambano, vumbi linaingia kila siku, na hiyo ndiyo siri ya Great League kwa mtu wa mji mdogo: inagharimu vumbi kidogo na inarudisha vumbi.

Kwa Pokémon kama Mewtwo, Master League ndiyo mahali pekee ambapo levo 50 ina hoja ya kweli, kwa sababu haina kikomo na kila mpinzani wako wa juu amefika huko. Ila piga hesabu. Pokémon mmoja wa reidi kutoka 20 hadi 50 ni 475,000, ongeza 100,000 ya shambulizi la pili, ni 575,000. Kikosi ni watatu: 1,725,000. Una laki nne. Ukimpandisha Mewtwo leo utakuwa na theluthi moja ya kikosi, na kikosi cha theluthi moja hakiingii uwanjani. Rudi kwenye wazo hilo vumbi likitosha kikosi kizima.

Reidi sasa. Watatu mnatosha kwa reidi nyingi za nyota tano kama kila mmoja ana sita sahihi, na sahihi si lazima awe ghali. Chukua Rayquaza. Yeye ni wa joka na wa kuruka, na mashambulizi ya barafu yanaziumiza aina zake zote mbili, hivyo maumivu yanazidishwa kwa 2.56. Mamoswine wa levo 30 hadi 35 mwenye Powder Snow na Avalanche atamfanyia kazi ambayo Mewtwo wako wa levo 50 hataifikia. Na Mamoswine anatokana na Swinub, mnyama wa kawaida kabisa. Uzuri wenyewe ni huu: porini Pokémon hawazidi levo 30, lakini hali ya hewa ikiwabeba wanafika 35. Swinub ni wa barafu na wa ardhi pia, na aina ya ardhi hubebwa na jua. Theluji Morogoro hamna, jua mnalo. Siku ya jua kali ukikutana na Swinub, mkamate, uone levo yake. Ukimpata wa 35 umeokoa vumbi 137,000 ambalo ungelimwaga kumpandisha wa reidi kutoka 20. Akibadilika kuwa Mamoswine levo inabaki ileile. Wajenge wanne hivi, kila mmoja wenu watatu afanye hivyo, halafu mtu mmoja alete Mega (Pokémon aliyebadilishwa kwa muda kuwa na nguvu zaidi) wa aina inayolingana, kwa sababu Mega akiwa uwanjani anawaongezea wenzake wa aina hiyo maumivu ya asilimia 30.

Kwa wale wa giza, yaani Shadow, wanashambulia kwa asilimia 20 zaidi na wanaumia zaidi. Kwenye reidi ni wazuri mno, na kuwapandisha kunagharimu asilimia 20 zaidi. Vituo vikiwa vichache usihuzunike, puto za Rocket, genge la gemu ambalo ukilishinda unapata nafasi ya kumkamata Shadow, zinakuja kila saa sita popote ulipo, nne kwa siku. Subiri tukio la Rocket ndipo uondoe Frustration, shambulizi bovu wanalokuja nalo Shadow, kwa TM (kifaa cha kubadilisha shambulizi), siku za kawaida haitoki.

Pipi XL za Pokémon wengine mtazipata mkikutana na kubadilishana. Kinachopimwa ni umbali kati ya mahali mlipowakamata, na ukizidi kilomita 100 pipi XL moja ni uhakika. Ndugu yako akienda Dar wikiendi akajaza begi, akirudi mnabadilishana, kila badiliko linalipa. Na usisahau kwamba Tropius ni wa Afrika na maeneo machache ya jirani. Wageni wanamtafuta. Tunza wachache wazuri kwa siku utakayokutana na mchezaji kutoka nje, ila kama urafiki wenu ni mpya, kumpa asiyekuwa naye kutawagharimu vumbi 20,000, wakati kwa rafiki wa ngazi ya nne ni 800.

Jambo la mwisho kwako ni ramani yenyewe, na hili naliona la maana kuliko Pokémon yeyote. Vituo vya mwanzo vilitokana na Ingress, gemu la wachezaji wachache ambao wengi walikuwa Ulaya, Marekani na Asia Mashariki. Ndiyo sababu miji yetu ilianza ikiwa mitupu. Lakini mchezaji wa ngazi yako anaruhusiwa kupendekeza kituo kupitia Wayfarer, mfumo ambao wachezaji wenyewe hupendekeza na kukagua vituo. Sanamu, mchoro wa ukutani, bustani, uwanja wa michezo, soko la kihistoria, mnara, nyumba ya ibada yenye usanifu wa pekee, mti maarufu wenye kibao. Visivyokubalika ni nyumba za watu, shule za msingi na sekondari, na mahali ambapo watu wakisimama watazuia magari ya zimamoto au wagonjwa. Piga picha mchana, iwe wazi, isiwe na nyuso za watu wala namba za magari, andika kwa nini mtu atembee hadi pale. Eleza kama unamweleza mtu ambaye hajawahi kusikia jina la Morogoro, maana anayekagua huenda yuko bara jingine.

Na hesabu vituo vyenu. Wachezaji wameshabaini kwamba ramani imegawanywa katika vipande, kila kimoja upande wake ni mamia ya mita, na kipande kikifikisha vituo viwili kimoja kinakuwa jimu, yaani mahali reidi hufanyika, kikifikisha sita jimu la pili linazaliwa, kikifikisha ishirini la tatu. Kama kipande chenu kina vituo vitano, pendekezo moja likipita mnapata jimu jipya na reidi zake. Watu wa mtaa wenu wataichezea kazi hiyo miaka mingi. Kuna wanaochoka kungoja na kutumia GPS ya uongo. Wanakamata wasipokuwepo, na mwisho wake ni akaunti kufungiwa, kazi ya miaka ikayeyuka. Tafadhali usiwafuate.

Laki nne zako basi: 10,000 kwa shambulizi la pili la Feraligatr au Swampert, laki moja na nusu hivi kwa kikosi chote cha watatu cha Great League, laki moja kwa Mamoswine wawili watatu ambao hukuwapata wakiwa levo ya juu. Inayobaki iache kwenye begi hadi msimu ujao uone mabadiliko.

Mdogo wako wa levo 28 asipandishe chochote kwa sasa zaidi ya watatu wa Great League. Kwa levo yake bado hata Pokémon wa porini hawajafika 30, kila wiki anawakamata waliobora kuliko wa wiki iliyopita, hivyo vumbi analowapa leo atalitupa mwezi ujao. Akusanye, acheze seti zake, akufungulie zawadi kila siku. Na akipata Swinub wa jua, asimtoe kafara kwa pipi.